Mkahawa, Hoteli na Mama Ntilie: Majina ya Nyumba za Chakula Mjini

Katika miji ya Afrika ya Mashariki nyumba za kuuzia chakula kilichopikwa zina majina mengi, wala majina hayo hayakutoka mahali pamoja. Mkahawa, hoteli, genge, kibanda na mama ntilie yote humwelekeza mtu mwenye njaa. Lakini kila moja lina njia yake, nalo hubeba habari za mwenye kupika, mwenye mali na mwenye kula. Yafaa jina lile la mwisho lichunguzwe zaidi, kwa kuwa pana watu wanaopenda kuliondoa katika maandishi rasmi na kuweka mama lishe mahali pake.

Mkahawa latokana na kahawa, neno lenye asili ya Kiarabu, na maana yake ya kwanza ni mahali pa kunywea kahawa. Umbo la mgahawa, ambalo limeenea zaidi Tanzania kuliko Kenya, lina sauti ya g mahali pa k. Huenda badiliko hilo lilisaidiwa na lahaja za Kiarabu, kama ile ya Hadhramaut, zinazotamka gahwa. Nao Washihiri waliotoka huko walijulikana sana pwani kwa biashara ya kahawa. Hoteli lilikuja kwa njia ya Kiingereza, likapoteza kitanda njiani. Mtu wa Nairobi au wa Dar es Salaam asemapo kwamba amekula hotelini, hakuna amdhaniaye kuwa alilala huko. Genge nalo laelekea kutoka katika neno la Kiingereza la kikundi cha vibarua; maana ikahama kutoka kwa watu hadi mahali walipouziwa chakula, na leo mjini Dar es Salaam genge huuza zaidi nyanya na vitunguu kuliko chakula cha sahani.

Majina hayo yote ni ya mahali, na sarufi yathibitisha. Yote hupokea kiambishi -ni bila taabu: mkahawani, hotelini, gengeni, kibandani. Mama ntilie hulikataa. Watu husema kwamba wamekula kwa mama ntilie, kama wasemavyo kwa fundi au kwa mganga. Tofauti hiyo si ndogo. Katika hoteli, mwenye hoteli ni mmoja na mpishi ni mwingine. Mpishi aweza kubadilishwa hata mara tatu kwa mwaka na mlaji asijue. Kwa mama ntilie, sufuria, fedha na mkono ushikao upawa ni vya mtu mmoja. Yeye ndiye aliyekwenda sokoni alfajiri, ndiye aliyechagua mchele na maharage, ndiye apakuaye, ndiye apokeaye malipo. Akiugua, hakuna mahali palipobaki wazi, kwa sababu mahali hapo ni yeye. Siku hizi magazeti ya Ulaya na Marekani husifu sana nyumba za chakula zilizo mali ya wapishi wenyewe, zenye kupika vyakula vya kwao, na wafasiri hutaabika kuandika “mgahawa unaomilikiwa na mpishi wake.” Taabu hiyo ni ya bure. Kiswahili kina jina la jambo hilo, ila halikutungwa na wafasiri.

Umbo la jina lenyewe lapendeza. Ntilie ni nitilie, yaani agizo lenye mtendwa wa nafsi ya kwanza, na ndiyo sababu kitenzi chamalizikia kwa -e, kama katika nipe na niletee. Irabu ya ni- imedondoka, na n imebaki kuwa silabi peke yake, kama isikikavyo katika ntakuja ya mazungumzo ya haraka. Sauti ya l katika -tilia ni ile iliyopotea zamani katika -tia, nayo hurudi katika kauli ya kutendea. Ndivyo ilivyo pia katika -zaa na -zalia, -twaa na -twalia. Kwa hiyo jina hili ni sentensi nzima iliyogeuka nomino, jambo lisilo geni: gazeti la Nipashe limepewa jina kwa agizo la namna hiyohiyo.

Lililo muhimu zaidi ni nafasi ya agizo hilo. Waswahili humwita mwanamke kwa jina la mwanawe: Mama Juma, Mama Asha. Hapa penye jina la mtoto pamewekwa sauti ya mteja, naye mteja huomba kama mtoto aombavyo penye chungu. Hata mlaji mwenye umri kumpita mwenye kupakua humwita mama.

Uuzaji wa vitumbua, mihogo na samaki wa kukaanga ni wa zamani sana mjini. Lakini wingi wa mama ntilie mjini Dar es Salaam ni habari ya mwisho wa miaka ya 1970 na miaka ya 1980. Jumuiya ya Afrika Mashariki ilivunjika mwaka 1977. Vita vya Kagera vilifuata mwaka 1978 hadi 1979. Mafuta yalipanda bei, na mshahara ukawa hautoshi kulisha nyumba. Wanawake wengi, wakiwamo wake za wafanyakazi na wafanyakazi wenyewe, waliweka jiko la mkaa na benchi karibu na karakana, masoko na majengo yaliyokuwa yakijengwa. Mwaka 1983 ilitungwa sheria iliyofuatiwa na kampeni ya Nguvu Kazi, na wachuuzi wengi wasio na leseni walisumbuliwa, wengine wakiondolewa mjini. Leseni ilitaka mahali penye anwani. Biashara hii ilikuwa na mtu tu.

Mama lishe limekuja baadaye, nalo lina nia njema, kwa kuwa wapo waonao kwamba ntilie lina dharau. Lishe ni neno la afya. Taasisi ya Chakula na Lishe iliundwa mwaka 1973, na neno likazoeleka katika zahanati na shule. Tena lina faida moja ya wazi: baba lishe limeundwa kwa urahisi, na wanaume wapikao wamelipokea. Hata hivyo majina haya mawili si visawe kamili. Katika ntilie asemaye ni mlaji. Katika lishe asemaye ni ofisi. Dharau, kama ipo, haimo katika kitenzi, kwa maana kutiliwa chakula si aibu. Imo katika jinsi mji ulivyowatazama wanawake hao.

Mwezi wa Desemba 2018 serikali ya Tanzania ilianza kutoa vitambulisho vya wajasiriamali wadogo kwa shilingi 20,000 kila kimoja, na mama lishe walikuwa miongoni mwa waliokusudiwa. Kitambulisho hicho alipewa mtu, si kibanda.

Kwa watungaji wa kamusi yabaki maswali ya kazi. Tahajia zapingana: mama ntilie, mamantilie, mama nitilie. Ya kwanza yafaa zaidi, kwa kuwa yalingana na matamshi na huacha mama ionekane. Wingi wake ni kina mama ntilie, na upatanisho ni wa watu: mama ntilie huyu amefunga, si imefunga. Kidahizo kiwekwe chini ya mama, na mfano wa matumizi uwe na kwa.