ALIYETUPA SENEMA ZAKE MTONI

Watoto wetu hufurahi sana waonapo picha za kuchorwa zikikimbia na kuchekesha katika senema. Je, ni nani aliyeanza kuwaonyesha watu picha za namna hiyo? Ni Mfaransa, jina lake Émile Reynaud. Wanaomjua ni wachache.

Alizaliwa mwaka 1844 huko Montreuil, karibu na Paris. Baba yake alikuwa fundi wa saa, na mama yake alijua kuchora. Ujanani alimsaidia Padre Moigno, aliyewafundisha watu sayansi kwa picha za taa.

Mwaka 1877 Reynaud alitengeneza chombo cha duara chenye vioo. Kikizungushwa, picha zilizochorwa ndani yake huonekana kama zinatembea. Lakini watazamaji walikuwa wachache tu, waliokizunguka mezani. Basi akazidi kujaribu, hata akapata mashine ya kutupa picha kwenye pazia kubwa.

Tarehe 28 Oktoba 1892 aliwaonyesha watu wa Paris hadithi ya Pierrot, yenye picha 500. Zote alizichora kwa mkono wake, moja baada ya nyingine, na mashine aliiendesha mwenyewe. Mpaka mwaka 1900, watu zaidi ya 500,000 walikuwa wamekuja kutazama kazi zake.

Lakini Desemba 1895 ndugu wawili, akina Lumière, walianza kuonyesha senema zilizopigwa kwa kamera. Jambo ambalo Reynaud alilichora kwa siku nyingi, kamera ililinasa kwa dakika moja. Watu wakamwacha, umaskini ukamwingia. Kwa uchungu akaivunja mashine yake, na mikanda yake karibu yote akaitupa katika mto Seine. Alifariki Januari 1918 katika hospitali ya maskini.

Mikanda miwili tu ya hadithi zake ilisalimika. Siku hizi wachoraji wa senema duniani huadhimisha tarehe 28 Oktoba kila mwaka kwa kumkumbuka. Heshima hiyo mwenyewe hakuiona.

Ndugu wasomaji, vijijini mwetu wamo wafinyanzi, wasusi wa mikeka na wahunzi ambao kazi zao zimeshindwa na vitu vya dukani. Tuwashukuru wangali hai. Nawe uliyevunjika moyo, kazi ya mikono yako usiitupe mtoni. Huenda wajukuu wako wataitafuta.