Taa Ilishikwa na Nani? Filme za Wachimbaji wa Makaa ya Mawe

Siku moja tuliwaonyesha wanafunzi wetu sehemu ya kwanza ya filme ya Michael Glawogger wa Austria, jina lake Workingman's Death (2005). Twaona huko Donbass, katika Ukraine, watu wanaochimba makaa ya mawe pasipo ruhusa, katika mashimo yaliyokwisha kuachwa. Tabaka ya makaa ni nyembamba, hata mtu hulala ubavu na kugonga. Mwanafunzi mmoja akauliza: «Padri, mule ndani ni giza. Taa ilishikwa na nani?»

Swali hili ni jema. Filme ya namna hii yataka kutazama tu: mwenye mashini ya sinema hapangi kazi, hafundishi mtu maneno, bali anangojea na kufuata. Lakini chini ya ardhi ni kazi ngumu. Katika machimbo mengi ya makaa kuna hewa mbaya, grizu, na cheche moja ya umeme yaweza kuilipusha. Vumbi jeusi nalo hula mwanga. Ndiyo sababu G. W. Pabst, kwa filme yake Kameradschaft ya mwaka 1931, alijengewa chimbo la kuigiza.

Katika Ubelgiji, Joris Ivens na Henri Storck walipiga filme Misère au Borinage mwaka 1933, baada ya mgomo mkubwa wa 1932. Maandamano fulani yalipangwa kwa ajili ya picha tu. Kumbe wachimbaji wakayashika kwa kweli, hata polisi wakafika! Je, ni uongo? Sisi twasema hapana, ila mtazamaji ana haki ya kuambiwa.

Uongo wenyewe ni wa namna nyingine. Katika Donbass ileile, Agosti 1935, Aleksei Stakhanov alisifiwa kwamba amechimba tani 102 kwa zamu moja. Nyuma yake walikuwako wenzake wakisimamisha miti ya kutegemeza dari, na kazi yao ikahesabiwa kuwa yake. Picha ikabaki na mtu mmoja.

Basi, tukimwona mchimbaji uso kwa uso katika tundu lile, tujue kwamba mwenye mashini naye alitambaa, akalala katika vumbi. Na mchimbaji ana taa yake kichwani: akigeuka, mwanga wageuka naye.

Mwanafunzi akaomba turudie. Safari hii hakutazama makaa tena, alifuata taa tu.