Je, Wajua? Barua Pepe Husafiri kwa Msafara wa DLL

Fungua kwa Notepad faili lolote la Windows ambalo jina lake linaishia na .dll. Utaona kurasa za alama zisizosomeka, ila herufi mbili za mwanzo kabisa zitakuwa M na Z. Ni herufi za mwanzo za majina ya Mark Zbikowski, mhandisi wa Microsoft aliyebuni muundo wa mafaili ya programu za MS-DOS mwanzoni mwa miaka ya 1980. Windows iliurithi muundo huo, na mpaka leo kila programu na kila DLL hubeba herufi zake kwenye baiti mbili za kwanza. Kompyuta moja tu ya ofisini katika kata ya Kanyenye, mjini Tabora, ina maelfu ya mafaili ya namna hiyo. Wanaoshinda mbele yake wakiandika na kutuma barua pepe huyajua siku moja tu, siku yanapogoma.

DLL ni maktaba ya maelekezo ya kompyuta. Programu yenyewe, ambayo jina lake huishia na .exe, huanza kazi ikibofywa. DLL haifanyi hivyo. Hukaa kwenye diski ikisubiri programu iiite kwa jina. Wazo hili lina umri sawa na Windows. Toleo la kwanza, lililotoka Novemba 1985, lilitakiwa kufanya kazi kwenye kompyuta yenye kumbukumbu ya kilobaiti 256, nafasi ambayo leo haitoshi hata picha moja ya simu. Kama kila programu ingekuja na maelekezo yake ya kuchora dirisha, kusoma kibodi na kuchapa karatasi, kumbukumbu ingejaa kabla kazi haijaanza. Basi maelekezo ya pamoja yakawekwa kwenye mafaili ya pamoja. Programu kumi zikitaka kuchora dirisha, DLL moja hupakiwa kwenye kumbukumbu mara moja na zote kumi huitumia. Tena kosa likigundulika ndani yake, hurekebishwa faili moja tu, na kila programu inayolitegemea inapona.

Mfuko uliolala Unyanyembe

Tabora iliijua kazi ya kupokezana mizigo muda mrefu kabla ya umeme. Wapelelezi Waingereza Burton na Speke walipofika tarehe 7 Novemba 1857 walikuta makazi ya wafanyabiashara Waarabu, yaliyoitwa Kazeh. Hapo njia ya misafara kutoka Bagamoyo iligawanyika, moja ikienda Ujiji na nyingine Karagwe na Buganda. Pembe za ndovu, vitambaa, shanga na barua vilipita mabegani mwa wapagazi, wengi wao Wanyamwezi, na katika njia hiyohiyo walisukumwa watu waliotiwa utumwani. Mbele ya msafara alitangulia kirangozi, ambaye kazi yake kuu ilikuwa kuijua njia.

Tarehe 1 Novemba 1870 mfuko wa barua za mmisionari David Livingstone ulitiwa lebo huko Zanzibar ili apelekewe Ujiji. Mwaka uliofuata mwandishi wa habari Henry Morton Stanley aliukuta Unyanyembe, jirani na Tabora, umelala. Aliuchukua akamkabidhi mwenyewe mwishoni mwa 1871, barua zikiwa zimetimiza takriban mwaka mzima njiani. Barua zilikuwa nzima na mpokeaji alijulikana. Kilichokosekana ni wa kuupokea mzigo na kuuendeleza. Barua pepe za kwenye Windows nazo huenda kwa kupokezana, na zinapokwama, mara nyingi barua na anwani hazina kosa lolote.

Nani hubeba nini

Tabora ina jina pia katika kazi ya barua za ofisini. Chuo cha Uhazili Tabora, ambacho tangu 2000 ni sehemu ya Chuo cha Utumishi wa Umma Tanzania, kilifundisha makatibu muhtasi waliotawanyika katika ofisi za serikali. Tuseme mmoja wao anaandika barua kwa programu ya Outlook, na ofisi yake ina Exchange, seva ya barua ya Microsoft iliyoanza kuuzwa 1996.

Akibofya kitufe cha kutuma, Outlook yenyewe hufanya kidogo sana. Kwanza hutafutwa jina la mpokeaji. Likiwa kwenye orodha ya ofisi nzima, anayelitafuta ni emsabp32.dll, likiwa kwenye anwani za katibu mwenyewe, ni contab32.dll. Kisha emsmdb32.dll huichukua barua na kuzungumza na seva kwa lugha ya Exchange. Kama katibu ana mazoea ya kuhifadhi barua zake za zamani kwenye faili la .pst ndani ya diski, anayelifungua na kuliandika ni mspst32.dll. Ili kutoka nje ya kompyuta, mzigo hupitia ws2_32.dll, mlango wa mtandao unaotumiwa na karibu kila programu ya Windows, huku schannel.dll ikiyafunga mazungumzo kwa siri ili anayechungulia njiani asiambulie kitu.

Kwenye seva kuna kundi jingine. Barua ikifika, ese.dll huiandika kwenye hifadhidata. Faili hili lina tahadhari ya kipekee: kabla ya kugusa hifadhidata, huandika kila badiliko kwenye faili la kumbukumbu za matukio. Umeme ukikatika katikati ya kazi, seva ikiwaka tena huyasoma matukio hayo na kukamilisha yaliyobaki. Ofisi ambazo umeme wake hukatika bila taarifa zina sababu ya kulishukuru faili hilo.

Kila mbebaji ana kikomo chake. Mpaka Outlook ya 2002, faili la .pst halikuruhusiwa kupita gigabaiti 2. Likifika hapo, barua mpya zilikataliwa, na mara nyingine faili zima lilikataa kufunguka. Exchange 2003 ya kawaida ilikuwa na ukomo wa gigabaiti 16 kwa hifadhidata. Zikijaa, hifadhidata ilijifunga, na ofisi nzima ikakaa bila barua pepe kwa sababu ya viambatisho vya picha ambavyo hakuna aliyekumbuka kuvifuta. Sasisho la pili la toleo hilo, la mwaka 2005, ndilo lililoongeza ukomo hadi gigabaiti 75.

Kirangozi MAPI

Katika msafara huu kirangozi ni mapi32.dll. MAPI ni kanuni ambazo Microsoft iliziweka ili programu yoyote iweze kuomba barua itumwe bila kujua ni programu gani ya barua iliyomo kwenye kompyuta. Toleo lake jepesi lina amri 12 tu, kama vile kuingia, kutoka, kutuma, kusoma, kufuta na kutafuta jina. Kwa amri hizo Word au programu ya skana inaweza kutuma waraka wakati yenyewe haijui chochote kuhusu barua pepe.

Jambo ambalo hata mafundi wengine hawalijui ni kwamba mapi32.dll inayokuja na Windows haitumi barua. Hutazama kwenye sajili ya Windows, mahali panapoitwa Software\Clients\Mail, ione ni programu gani imeteuliwa kushughulikia barua, kisha hulipeleka ombi huko. Ikikuta Outlook, humkabidhi kazi msmapi32.dll. Isipokuta yeyote, inarudi mikono mitupu.

Hapo ndipo wateja wengi wa maduka ya steshenari huanza kulalamika. Mtu ameskani cheti chake, amebofya kulia kwenye faili, amechagua kulituma kwa barua pepe, na Windows inamwambia kwamba hakuna programu ya barua iliyoteuliwa, au iliyopo haiwezi kutimiza ombi. Anadhani bando limekwisha. Bando halihusiki. Amezoea kusoma Gmail kwenye kivinjari, na kivinjari hakikujiandikisha kwenye sajili kama programu ya barua. Dawa ni kuifungua Gmail na kuambatisha cheti humohumo, au kusakinisha programu ya barua na kuiteua.

Kuna mtego mwingine. Kwenye Windows ya biti 64, mafaili ya biti 64 yanakaa kwenye folda iitwayo System32, na yale ya biti 32 yanakaa kwenye SysWOW64. Majina ya folda yanasema kinyume cha kilichomo, nalo ni tatizo la urithi: programu za zamani zilikuwa zimezoea kwenda System32 na Microsoft haikutaka kuzivuruga. Kwa hiyo kompyuta ina mapi32.dll mbili, na programu ya biti 32 haiwezi kupakia DLL ya biti 64. Anayenakili faili kutoka folda moja kwenda nyingine akidhani anatengeneza, anaharibu.

Jina moja, mafaili mawili

Kufanana majina kuliwahi kuleta balaa kubwa zaidi. Kwa miaka mingi Outlook ilikuja na mapi32.dll yake na Exchange ikaja na yake. Mafaili hayo yalikuwa na jina moja lakini hayakuwa sawa. Ukizisakinisha programu hizo mbili kwenye mashine moja, faili la mmoja lilikaa juu ya la mwenzake, na aliyetangulia akaanza kuanguka. Outlook ilipowashwa ilitoa ujumbe kwamba mapi32.dll imeharibika au si toleo sahihi. Microsoft yenyewe ikawaonya wateja wasisakinishe Outlook kwenye seva ya Exchange. Ugomvi uliisha kwa Exchange 2007, ambayo iliacha kuja na faili hilo.

Barua pepe haikuwa peke yake katika msiba huo. Programu za kila aina zilikanyagiana DLL. Windows 2000 ilianza kuyalinda mafaili ya mfumo, ikiyarudisha yenyewe yanapofutwa au kubadilishwa. Windows XP ikaongeza folda ya WinSxS, ambamo matoleo kadhaa ya DLL moja hukaa bega kwa bega, kila programu ikipewa lile ililolizoea.

DLL pia ndizo zinazobeba lugha. Maneno unayoyaona kwenye menyu hukaa katika mafaili tofauti na maelekezo, na Office huyapanga kwenye folda zenye namba za lugha. Kiingereza cha Marekani ni 1033. Kiswahili kina namba 1089, na kimesajiliwa kama Kiswahili cha Kenya. Mtumishi wa Kanyenye aliyechagua Windows ya Kiswahili alipewa ya majirani.

Wanaoivamia njia

Njia inayopitika kwa urahisi huwapendeza wezi pia. Tarehe 4 Mei 2000 kirusi cha ILOVEYOU kilitoka Ufilipino na kuzunguka dunia kwa saa chache. Hakikuvunja mlango wowote. Kiliiita Outlook, kikaomba huduma ya MAPI kama programu yoyote halali, kikasoma kitabu cha anwani na kujituma kwa kila jina. Baada ya hapo Microsoft iliongeza onyo linalojitokeza programu ngeni inapojaribu kugusa anwani.

Agosti 2010 ulijulikana sana udhaifu mwingine. Programu ikiita DLL kwa jina tupu, Windows huitafuta folda kwa folda kwa mpangilio maalumu, na inaweza kuishia kwenye folda ile ile ambamo waraka umefunguliwa. Mhalifu akiweka humo DLL yake yenye jina linalotafutwa, programu huipokea kama yake.

Siku hizi wengi husoma barua kwenye kivinjari. Watumishi wa umma wana mfumo wa barua pepe za serikali, GMS, unaoendeshwa na Mamlaka ya Serikali Mtandao. Hata huko DLL hazikwepeki. Sehemu kubwa ya Chrome kwenye Windows ni faili moja, chrome.dll, lenye zaidi ya megabaiti 100, na moyo wa Firefox ni xul.dll. Outlook mpya ya Windows nayo imeziacha zile nyongeza za kale zilizokuwa zikijipachika ndani yake kama DLL, hivyo ofisi inayotegemea nyongeza hizo ipange mapema. Tarehe 14 Oktoba 2025 Windows 10, Exchange 2016 na Exchange 2019 zote zilifikia mwisho wa msaada wa kawaida wa Microsoft siku moja. Makosa yatakayogunduliwa ndani ya DLL zake hayatarekebishwa kwa utaratibu wa kawaida kama zamani.

Kwa hiyo, msomaji, kompyuta ikikuambia kwamba DLL fulani haipo, usiende kuipakua kwenye tovuti zinazogawa DLL moja moja. Hujui ni toleo gani, ni la biti ngapi, wala nani ameligusa. Kama tatizo ni Outlook, ingia kwenye orodha ya programu, chagua Office na uiamuru ijirekebishe. Kama ni mapi32.dll, Windows ina programu ndogo ya kuitengeneza, fixmapi.exe. Kama ni mafaili ya mfumo, fungua dirisha la amri kwa ruhusa ya msimamizi na uandike sfc /scannow. Dawa zote tatu zimo kwenye kompyuta yako tayari, na hazina malipo.