Mwanga Hupotelea Nguzoni

Taa ya LOS kwenye modemu ya faiba ikianza kuwaka na kuzima kwa rangi nyekundu, maneno ya kwanza mtaani ni kwamba mkongo wa baharini umekatika. Taa hiyo haijui lolote kuhusu bahari. Kazi yake ni moja tu: kusema kwamba modemu haipokei mwanga kutoka kwenye mitambo ya kampuni iliyo mjini humo humo. Mkongo ukikatika kweli, intaneti itasuasua au itapotea kabisa, lakini taa hiyo haitageuka nyekundu. Nyekundu ikishawaka, tazama karibu, na mara nyingi utafika kwenye kisanduku cheusi au cha kijivu kilichofungwa kwenye nguzo iliyo jirani na nyumba yako.

Inashangaza, maana sehemu iliyodhaniwa kuwa ngumu, yaani kioo chenyewe, ilishatatuliwa zamani. Mwaka 1966, Charles Kao na George Hockham walieleza huko Uingereza kwamba kioo kingeweza kubeba mawasiliano iwapo upotevu wake ungeshuka chini ya desibeli 20 kwa kilomita. Hata hicho kilikuwa kiwango cha kusikitisha, kwani desibeli 20 zikipotea, hubaki asilimia moja ya mwanga. Watafiti wa Corning, Marekani, walikifikia mwaka 1970. Faiba ya leo hupoteza takriban desibeli 0.2 kwa kilomita katika urefu wa wimbi wa nanomita 1550, yaani baada ya kilomita nzima zaidi ya asilimia 95 ya mwanga bado ipo. Kao alipewa Tuzo ya Nobel ya Fizikia mwaka 2009, mwaka uleule ambao mkongo wa SEACOM ulianza kazi Mombasa na Dar es Salaam.

Kwa hiyo kioo hakina deni. Mwanga huliwa pale tunapoukata, kuuunga na kuugawa, na kisandukuni tunafanya yote matatu.

Katika mfumo wa GPON, ambao kampuni nyingi hutumia kufikisha faiba majumbani, upotevu unaoruhusiwa kutoka kituoni hadi kwa mteja kwa daraja la kawaida ni desibeli 28. Splita, kifaa kinachogawa mwanga mmoja kwa wateja 32, humeza kama 17 peke yake. Kilomita tano za kebo hazifiki hata desibeli mbili. Zilizobaki ndizo za viungo, konekta na uzembe. Mwishoni modemu huridhika na mikrowati mbili tu, sehemu mbili za milioni ya wati, lakini chini ya hapo huanza kuyumba.

Uzembe huo huanzia kwenye usakinishaji. Matundu ya kebo yanapaswa kutazama chini, na kila kebo iachiwe mkunjo unaoning'inia kabla ya kuingia, ili maji ya mvua yadondokee hapo badala ya kuifuata hadi ndani. Alama ya IP65 kwenye kisanduku humaanisha kwamba vumbi haliingii na maji yanayorushwa kwa bomba hayapenyi. Alama hiyo haina maana tena fundi akiacha tundu moja wazi, au mpira wa mlango ukibanwa vibaya. Siafu na mijusi hawasomi alama. Waya mgumu unaobeba uzito wa kebo nao ni lazima ukazwe kwenye kibano chake. Usipokazwa, kila upepo utavuta kioo chenyewe, na kioo kinachovutwa huku kina unyevu hupasuka polepole, pengine miezi baada ya fundi kulipwa.

Kisha kuna usafi. Kiini kinachopitisha mwanga kina upana wa mikromita 9 hivi, wakati unywele wa binadamu ni mnene mara kadhaa zaidi. Chembe ya vumbi usiyoiona kwa macho inatosha kukiziba. Konekta isiyosafishwa kabla ya kuchomekwa ndiyo kosa la kijinga kuliko yote katika kazi hii, na ndilo linalorudiwa zaidi. Linalofuata ni kuchomeka konekta ya bluu kwenye ya kijani: uso wa ya kijani umekatwa kwa mshazari wa nyuzi 8, wa bluu hauna mshazari huo, na vioo viwili havikutani sawasawa.

Utafutaji wa hitilafu una swali la kwanza lisilohitaji kifaa chochote: je, majirani waliounganishwa kwenye kisanduku hichohicho wamepotea pia? Wakiwa wamepotea wote, tatizo liko kabla ya kisanduku au kwenye splita. Akipotea mmoja, kagua tundu lake, konekta yake na kebo inayoelekea kwake. Hapo kipimo cha nguvu ya mwanga hutolewa mfukoni.

Kuna dalili moja ninayoipenda kwa sababu ni fizikia tupu. Faiba iliyonyooka hupoteza mwanga mwingi zaidi kidogo kwa nanomita 1310 kuliko kwa 1550. Iliyokunjwa kupita kiasi hufanya kinyume, kwa sababu mawimbi marefu hayashikiki vizuri ndani ya kiini na huvuja kwenye kona. Fundi akipima yote mawili na kukuta 1550 ndiyo inayoumia, asihangaike na maungio kwanza: afungue kisanduku atafute mkunjo uliobanwa na mlango. Faiba ya kawaida inataka mzunguko wenye nusu kipenyo cha milimita 30 hivi. Aina mpya za majumbani huvumilia hata 7.5.

Wewe mteja usipande nguzo, na usichungulie ncha ya faiba iliyochomoliwa, kwa kuwa mwanga wake hauonekani lakini unaweza kudhuru jicho. Ila siku ya kuunganishwa, mwombe fundi akusomee kipimo cha mwanga kwenye modemu na ukiandike mahali. Kikiwa −20 leo na kikashuka hadi −26 baada ya masika, piga simu ukitaje. Ukitoa namba hizo mbili, itakuwa vigumu kwao kukujibu uzime modemu na kuiwasha tena.