Yusuf bin Hassan: Kurudi Nyumbani Baada ya Kutekwa

Mateka, yaani mtu aliyenyakuliwa na adui na kuwekwa chini ya mamlaka yake, hafiki kwao siku ile mwili wake unapofika, kwa kuwa huwa amekwisha kuvishwa lugha, mazoea na pengine dini ya waliomshika. Kisa cha Yusuf bin Hassan wa Mombasa chaonyesha jambo hilo waziwazi. Baba yake, Sultani Hassan, aliuawa mwaka 1614 kwa hila ya Wareno, naye Yusuf, akiwa mtoto, akapelekwa Goa, makao makuu ya Wareno nchini India, akalelewa na watawa wa Mtakatifu Augustino na kubatizwa kwa jina la Dom Jerónimo Chingulia. Mwaka 1626 alirejeshwa Mombasa kutawala, lakini Waislamu wa mji walimwona Mkristo, na Wareno hawakumwamini. Habari za Wareno zasimulia kuwa alionekana akiomba Kiislamu kwenye kaburi la baba yake. Agosti 1631, katika ngome ya Fort Jesus, alimuua kapteni wa Kireno na kurudia Uislamu. Mwaka uliofuata aliihama Mombasa.