Walioondoka na Waliosubiri: Utangulizi wa Riwaya za Mapenzi na Ughaibuni Wakati wa Vita

Vita vya Kwanza vya Dunia vilidumu kwetu Afrika Mashariki kwa zaidi ya miaka 4, kuanzia Agosti 1914 hadi Novemba 25, 1918, siku ambayo Lettow-Vorbeck, kamanda wa jeshi la Wajerumani, alisalimisha silaha Abercorn, mji unaoitwa leo Mbala, nchini Zambia. Ulaya bunduki zilikuwa zimenyamaza tangu wiki 2 nyuma. Vitabu vingi vya vita hivyo humfuata jemadari huyo hatua kwa hatua: Tanga, Mahiwa, ng'ambo ya Ruvuma. Wapagazi waliobeba risasi na chakula cha pande zote mbili, wakafa kwa makumi ya maelfu kwa njaa, kuhara na homa, wamo humo kama hesabu tu. Anayepita Kariakoo leo anakanyaga ardhi waliyopigia kambi wapagazi wa jeshi la Waingereza, na majina yao hayajui. Wake zao, dada zao na wachumba wao hawatajwi kabisa.

Riwaya ninazokukaribisha kuzisoma zinaanzia hapo.

Wako wanaodhani kwamba mapenzi hutiwa katika riwaya ya kihistoria ili msomaji asichoshwe na tarehe. Mimi naona mapenzi ndiyo njia yenyewe ya mwandishi ya kuitafiti historia. Serikali huacha kumwandika askari akishafutwa kwenye orodha ya mishahara, lakini anayempenda haachi kumuulizia. Kwa hiyo mwandishi anayetaka kujua vita viliwafanya nini watu hana budi kwenda nyumbani kwa yule anayesubiri.

Mfano ninaoupenda kuliko yote ni Afterlives ya Abdulrazak Gurnah, iliyotoka 2020, mwaka mmoja kabla mwandishi huyo mzaliwa wa Zanzibar hajapata Tuzo ya Nobel. Ilyas anajiunga na jeshi la Wajerumani kwa hiari yake, anamwacha mdogo wake, Afiya, kwa jamaa waliomlea. Kabla ya kuondoka amemfundisha kusoma na kuandika. Mlezi wake akigundua kwamba mtoto wa kike anajua kuandika, anampiga mpaka mkono unavunjika. Afiya anatuma kikaratasi chenye maneno machache tu kwa Khalifa, rafiki wa kaka yake, naye anakwenda kumchukua. Tazama uzito wa karatasi ile. Katika nchi ambayo afisa wa kikoloni ndiye aliyeandika mambo mengi, mtoto aliyeumizwa anaandika jambo lake mwenyewe, na linasomwa.

Anayekuja kumpenda Afiya ni Hamza, askari aliyerudi na jeraha la upanga, alilotiwa na mkubwa wake Mjerumani. Afisa mwingine alikuwa amemfundisha Kijerumani, kwa wema uliochanganyika na dharau. Sasa Hamza anachukua beti za Schiller, mshairi Mjerumani, anazitia katika Kiswahili, na kumpa Afiya kama barua ya mapenzi. Ukisoma sura hizo usizipite haraka. Kitu alichokipata katika unyonge kambini amekigeuza zawadi, na hakuna ripoti ya kijeshi ingeweza kutupa habari hiyo.

Hata hivyo ndoa haiyafuti yaliyopita. Afiya anaendelea kumsubiri kaka yake mwaka hadi mwaka. Mwanawe, aliyepewa jina la mjomba, anaingiwa na sauti inayomuulizia mjomba huyo, mpaka waganga wanaitwa. Baadaye ni huyo mwana anayekwenda Ujerumani kutafuta nyayo za mjomba, na zinamfikisha kwenye kambi ya mateso ya Wanazi ya Sachsenhausen.

Msomaji asidhani jambo hili limebuniwa tupu. Bayume Mohamed Husen alizaliwa Dar es Salaam mwaka 1904, akaingia vitani upande wa Wajerumani akiwa mtoto, pamoja na baba yake aliyekuwa askari. Mwaka 1929 alifika Ujerumani, akadai mishahara ya vita ambayo yeye na baba yake hawakuwa wamelipwa. Aliishi Berlin, akaoa Mjerumani, akafundisha Kiswahili chuo kikuu, akaigiza katika filamu. Aliomba nishani ya wapiganaji, akanyimwa. Mwaka 1941 alikamatwa kwa kuwa na uhusiano na mwanamke mweupe, na mwaka 1944 akafia Sachsenhausen. Hayo tunayajua kwa sababu alidai, alibishana na aliacha nyaraka. Kuhusu walioachwa Dar es Salaam nyaraka hizo zina machache mno. Nafasi hiyo ndiyo aliyoijaza Gurnah kwa kumuumba Afiya.

Uwanja huu una pande nyingine. Zipo tenzi za vita, kama ile ya Abdul Karim bin Jamaliddini kuhusu Maji Maji na ile ya Hemedi bin Abdallah el Buhriy kuhusu Wajerumani kuitamalaki Mrima. Zisome kwa ushahidi wao wa karibu, ila usitarajie kusikia mengi ya chumbani na jikoni. M.G. Vassanji, katika The Book of Secrets ya 1994, anatumia shajara ya afisa Mwingereza iliyopatikana Dar es Salaam kufuatilia ndoa ya Pipa na Mariamu mpakani mwa Kenya na Tanganyika wakati vita vinafika. Shajara hiyo haitoi siri yake yote, na nadhani uamuzi huo wa mwandishi ni wa haki: mwanamke hawezi kuelezwa kikamilifu na daftari la mtawala.

Kama ni mgeni kabisa, anza na Peponi, tafsiri ya Ida Hadjivayanis ya Paradise ya Gurnah, iliyochapishwa na Mkuki na Nyota mwaka 2022. Mwishoni kijana Yusuf anakimbilia msafara wa askari wa Kijerumani, akimwacha nyuma Amina anayempenda. Bishaneni darasani kama amekimbia utumwa au ameufuata.

Na wewe uliye Songea, Lindi, Mahenge au Tanga, ambaye kwenu bado kuna mzee anayekumbuka aliyosimuliwa na bibi yake kuhusu mume aliyechukuliwa na jeshi: kaa naye umsikilize, uandike, na uandike kwa Kiswahili. Riwaya hizo tunazihitaji.