Ua la Kosmosi na Kiasi cha Maji Yake

Wengi wenu mmeliona ua la kosmosi, hata kama hamlijui kwa jina. Shina lake ni jembamba, lafika kiuno cha mtu au kifua. Majani yake yamechanika kama majani ya karoti. Na maua yake ni meupe, au ya waridi, au ya rangi ya damu ya mzee, yenye kiini cha manjano. Mbegu zake ni nyeusi na nyembamba kama sindano, zafanana na mbegu za kishona nguo. Wala si ajabu, maana mimea hii miwili ni ya ukoo mmoja. Asili yake ni Meksiko. Mbegu zilipelekwa Hispania, na mtaalamu Antonio José Cavanilles wa Madrid akalieleza ua hili kitabuni mwaka 1791, akalipa jina la Kiyunani ambalo maana yake ni mpango mzuri, tena ni pambo.

Watu hudhani ya kuwa ua likikataa kuchanua limekosa maji au mbolea. Kwa mimea mingi ni kweli. Lakini ua la kosmosi huharibika zaidi kwa kutunzwa kupita kiasi. Likipewa samadi nyingi na maji kila siku, hurefuka, huwa na majani tele, hukawia kuchanua, kisha shina laanguka kwa upepo. Udongo usio na nguvu nyingi walitosha, mradi maji yasituame na jua lilipate.

Tena haifai kufuata miezi iliyochapwa juu ya pakiti za mbegu za Ulaya. Huko mbegu hupandwa Aprili au Mei, na mchana ukiwa mrefu mno ua hukawia. Kwetu Usambara mchana ni karibu saa 12 mwaka mzima, basi urefu wa mchana haulizuii. Likipata joto la kutosha laweza kuchanua baada ya majuma 8 au 10. Mpandaji wa hapa na aangalie mvua na baridi ya mahali pake.

Nayo mahali hapa pana tofauti kubwa. Kabla ya vita ya 1914 Wajerumani walijenga njia ya kamba za chuma, ikapita hewani kushusha mbao za mwangati kutoka Shume hata stesheni ya Mkumbara nyikani. Kwa macho ni karibu. Kwa hali ya hewa ni nchi mbili. Shume iko karibu mita 1,900 juu ya bahari, na nyika ya Mkumbara na Mombo karibu mita 400. Kila mita 1,000 za kupanda hupunguza joto kwa digrii 6 hivi. Basi nyika yaizidi Shume kwa digrii 9. Kila mlango kwa ufunguo wake.

Shume, panda mwanzo wa vuli, Oktoba au Novemba, maua yapate kuchanua siku za joto za Desemba na Januari. Mvua ikinyesha, usitie maji. Ikikoma, ingiza kidole udongoni hata kiungo cha pili: ukiona unyevu, acha, ukiona pakavu, tia maji ya kutosha shinani asubuhi, kisha ngoja tena. Acha sentimita 30 au zaidi kati ya mche na mche, maana majani yakisongamana penye unyevu na baridi hushikwa na ugonjwa wa ukungu mweupe.

Nyikani, panda masika yaanzapo, mwezi wa Machi, mvua ikusaidie kulea miche, kwa kuwa mche mchanga haustahimili ukavu. Masika yakiisha, tia maji alfajiri au jioni, mara mbili au tatu kwa juma, yafike mizizini, na kufunika udongo kwa nyasi kavu. Maji kidogo kidogo ya kila siku hulowesha juu tu, na mizizi haishuki.

Tanga na pwani yote, mchanga hupitisha maji upesi. Panda mwisho wa masika, maua yaje katika miezi ya Julai na Agosti yenye nafuu ya joto. Huko yafaa zaidi kosmosi ya manjano, ambayo ni aina nyingine, yenye kuvumilia joto kuliko ile ya waridi.

Jambo hili si dogo katika nyumba. Nyumba nyingi za milimani, maji ya kiangazi huchukuliwa kichwani na kina mama na watoto. Debe la lita 20 likimwagwa juu ya ua lisilo na kiu, limetolewa katika kabichi na katika chungu cha jioni. Samadi vilevile: wapewe viazi, ua halina haja nayo. Maji yaliyooshea mboga, yasiyo na sabuni, yalitosha.

Na mwangalie mbegu. Ua hili hujipanda lenyewe, hata katika nchi za baridi za Afrika Mashariki na Kusini limekuwa gugu la kando ya njia. Bustani ikipakana na shamba, kateni vichwa vilivyokauka kabla mbegu hazijaanguka. Wekeni chache mfukoni kwa mwaka ujao.

Walimu waweza kuwaonyesha watoto kwa macho. Pandeni mistari miwili. Wa kwanza utiwe maji kila siku. Wa pili utiwe baada ya kuujaribu udongo kwa kidole. Watoto waandike madebe yaliyotumika, nao wahesabu maua ya kila mstari. Hesabu hiyo itawafundisha kuliko maneno yetu.